Ng'ombe wa Miguu Mitano

Jumanne, Mei 6

Mvua imenyesha tangu alfajiri, na mfereji wa jirani unamwaga maji mlangoni kwetu, sijui kwa nini usimwage kwao. Hayo tuyaache. Binti yangu Wambeti amerudi na kazi ya Sanaa. Gredi ya tano yote inatakiwa kutengeneza mozaiki, yaani picha ya kubandika vipande vidogo vidogo, na vipande vyenyewe vitoke kwenye takataka za nyumbani. Mada ni "Nyumbani kwetu". Moja itachaguliwa iende maonyesho ya shule hapa mjini Embu mwezi ujao, na zitakazoshinda huko zitaenda Meru likizo ya Agosti.

Takataka tunazo. Mume wangu Muchangi anauza televisheni na friji katika duka la mjini, na kila televisheni huja imebanwa na yale mapovu meupe magumu ili isivunjike. Wateja hawayataki. Ameahidi kuleta gunia zima.

Naandika humu kwa sababu kazini sina wa kuongea naye. Mimi hukaa mapokezi kwa daktari wa meno. Kutwa nawaambia watu waketi, haitauma. Huwa inauma.

Alhamisi, Mei 8

Mvua. Sweta ya shule haikukauka. Ameenda nayo mbichi.

Jumamosi, Mei 10

Gunia limefika na nyumba imekwisha. Ukikata povu lile linatoa chembe nyepesi zinazonata kila mahali: kwenye pazia, kwenye kochi, kwenye ndevu za Muchangi. Tumezila kwenye githeri.

Vipande tulivipaka rangi ya maji, kijani, nyekundu, nyeusi, na kahawia tuliyochanganya wenyewe, tukavianika kando ya jiko maana jua hakuna. Gundi ni uji mzito wa unga wa ngano. Muchangi alijaribu gundi ya viatu kwenye kipande kimoja na kikanywea mbele ya macho yetu mpaka kikaisha. Tulicheka sana.

Wambeti anakata ovyo. Kipande kimoja kama dole gumba, kingine kama punje ya mchele. Nikamwonyesha: pasha wembe kidogo kwenye makaa, tuliza mkono, kata mara moja. Vyangu vilitoka sawasawa kama meno ya yule mama wa kwenye bango letu la kliniki. Akatazama, akasema, "Ni vizuri, Mami," kisha akatoka kwenda kuruka kamba. Mimi nikabaki nikikata. Niliposhtuka, ugali ulikuwa umeungua.

Nikiwa msichana kule Ruiri, Meru, tulikuwa tukibandika magazeti ukutani kuzuia upepo. Mimi nilikata picha za rangi nikazipanga hadi ukuta mmoja ukawa bustani. Baba akaingia, akatazama, akauliza kama ng'ombe wamekunywa maji. Sanaa yangu iliishia hapo.

Jumatano, Mei 14

Joyline, jirani yetu anayeuza mboga langoni hapa mtaani Majimbo, ana kijana darasa moja na Wambeti, anaitwa Mwenda. Leo ameniambia Mwenda anatengeneza jogoo kwa slipas za mpira zilizokatika. Ameokota slipas za ploti nzima.

"Mimi hata sijui ni nini anafanya," Joyline akasema. "Nimemwambia tu asimwage gundi kwa kochi yangu."

Nikacheka naye. Nilipofika kwangu nikamcheka yeye. Mzazi gani asiyejua mtoto wake anafanya nini?

Jumapili, Mei 18

Wambeti amenionyesha picha yake imefika wapi. Ng'ombe. Tumbo la kahawia limejaa mapengo, kichwa kidogo kama cha kuku, na miguu mitano. Minne myeusi na mmoja wa kijani.

Nilicheka. Sikukusudia ubaya, kicheko kilinitoka tu. "Ng'ombe gani huyu wa miguu mitano? Ni wa maonyesho ya kilimo?"

"Huo mwingine si wa..."

"Toa huo wa kijani, mami," nikamkatiza. "Mwalimu atafikiri hatukukufundisha kuhesabu."

Hakuutoa. Akaigeuza picha ikaangalia ukuta.

Nimeamua kumtengenezea ya mfano, aone inavyofanywa. Mlima Kenya nyuma, theluji kwa povu jeupe lisilopakwa rangi, shamba la chai, na nyumba ya bati nyekundu. Ya mfano tu.

Jumanne, Mei 20

Theluji imetoka vizuri mno. Muchangi amesimama nyuma yangu na kikombe chake.

"Mama Wambeti, hii projekti ni ya mtoto ama ni yako?"

Nikamwambia akaoshe kikombe.

Jumapili, Mei 25

Leo niandike kila kitu.

Picha ya mfano ilikuwa imekwisha tangu jana, na kusema kweli hakuna aliyekuwa akiiita ya mfano tena. Kesho ndiyo siku ya kupeleka. Baada ya kanisa Wambeti alibaki kwa mazoezi ya kwaya ya watoto. Nikaona nyumbani kuna mkebe wa vanishi ya kupuliza uliobaki Muchangi alipong'arisha stuli. Nikafikiri, iking'aa itakuwa kama ya dukani. Nilijua habari ya gundi ya viatu. Habari ya vanishi sikuifikiria. Nikapuliza pembeni, kwenye shamba la chai, na shamba likaanza kuzama. Lilinywea, likatoboka, kadibodi ikaonekana chini kama ngozi chini ya soksi iliyotoboka.

Rangi ya kijani ilikuwa imekwisha, na maduka yenye rangi hayafungui Jumapili. Kijani pekee kilichobaki nyumbani kilikuwa kwenye picha ya Wambeti. Nyasi chini ya ng'ombe, na ule mguu.

Nilivibandua kwa kisu cha siagi. Nyasi hazikutosha nikabandua na mguu, nikaukata vipande vinne. Kisha nikaona upande wa kahawia wa mlima nao una pengo, nikachukua tumbo. Mara ng'ombe hakuwepo. Ilibaki kadibodi yenye madoa ya uji mkavu na miguu minne myeusi isiyobeba kitu.

Wambeti akarudi akiimba. Aliiona kabla sijaificha. Nikaanza kueleza haraka haraka, kwamba muda umekwisha, kwamba yake isingekauka kwa mvua hii, kwamba hii kubwa tumeifanya sote na ataandika jina lake. Akaishika ile kadibodi, akapitisha kidole mahali mguu wa kijani ulipokuwa, akaisukuma chini ya kitanda chake. Akauliza kama chakula kiko tayari.

Hakulia. Afadhali angelia.

Jumatatu, Mei 26

Nimeipeleka shule mwenyewe kwa bodaboda, nimeifunga kwa nailoni ya meza. Mwalimu Mutegi, anayefundisha Sanaa, ameitazama kwa muda kisha akanitazama mimi. "Wambeti amejikaza," akasema. Nikasema, "Sana."

Ijumaa, Mei 30

Imechaguliwa! Ya Wambeti imekuwa ya kwanza na jogoo wa Mwenda wa pili. Anayekwenda ni wa kwanza peke yake.

Nilifurahi tangu mlango wa kliniki mpaka stendi ya bodaboda. Kisha nikamkuta Joyline langoni kwetu na chane ya ndizi.

"Nimekuja kumpongeza msichana. Mtoto wako ana mkono, Mama Wambeti. Huyu wangu amelia kidogo, lakini nimemwambia mwenzako akikushinda unampigia makofi."

Nilizipokea zile ndizi. Tulizila na chai. Zilikuwa tamu.

Jumatano, Juni 4

Kaka yangu Kinoti amepiga simu kutoka Meru. Ana meza ya vitunguu Gakoromone, na inaonekana ametangazia soko lote. "Mkifika Meru tunakuja wote, hata mama. Hatujawahi kuwa na msanii kwa familia."

Hatujawahi. Nilitaka kumwuliza kama anakumbuka ule ukuta wa magazeti.

Jumapili, Juni 8

Mvua imeacha, baridi imeingia. Jioni namfundisha Wambeti majibu, maana waamuzi huuliza.

"Ukiulizwa kwa nini ulitumia uji wa ngano?"

"Kwa sababu gundi ya viatu huyeyusha povu."

"Ukiulizwa wazo lilitoka wapi?"

"Nilikuwa nautazama mlima asubuhi nikienda shule."

Muchangi akazima redio. Yeye humwita Wambeti maitu, yaani mama, kwa sababu amebeba jina la mama yake. "Gladwell, unamfundisha maitu nini?"

"Kujieleza."

"Hiyo ina jina lingine," akasema, akawasha redio.

Alhamisi, Juni 12

Nimegundua kwamba hachori tena. Zamani hata risiti za duka alizichora nyuma.

Jumamosi, Juni 21

Siwezi kula. Nitaandika kwanza.

Maonyesho yalikuwa katika ukumbi mmoja mjini. Watoto kama thelathini, kila mmoja na picha yake kwenye meza, na sisi wazazi nyuma ya kamba. Picha yetu ilikuwa nzuri kuliko zote. Niliona wenzangu wakiielekezea kidole na mgongo wangu ukanyooka wenyewe.

Halafu mwamuzi, mama mmoja mrefu mwenye sauti ya upole, akatangaza kwamba kabla ya kutoa alama kila mtoto atatengeneza mozaiki ndogo palepale, wauone mkono wake. Wakagawa mapovu yaliyokwisha kupakwa rangi, makasi na gundi. Pale kambani wazazi tuliangaliana. Baba mmoja kando yangu alisema "Mungu wangu" kwa sauti ya chini, nami nikajua si mimi peke yangu, lakini hilo halikunisaidia.

Nilitegemea Wambeti angejaribu mlima, ule niliomwonyesha. Akavuta kipande cha kahawia, akatoa ulimi pembeni ya mdomo kama anavyofanya tangu akiwa mdogo, akaanza ng'ombe. Tumbo likapinda. Kichwa kikawa kidogo. Aliweka miguu minne myeusi, kisha akakata kipande cha kijani, polepole kuliko vyote, na alikuwa angali amekishika kengele ilipolia.

Mwamuzi akainama juu ya meza. Akatazama ng'ombe, akatazama mlima, akarudi kwa ng'ombe.

"Hii kubwa ni nzuri sana," akasema. "Lakini naona mkono si mmoja. Kuna mtu alikusaidia, mrembo?"

Wambeti akainua macho akaniangalia. Hakuangalia kwingine, aliniangalia mimi, akangoja. Nilikuwa karibu kiasi kwamba ningesema kwa sauti ya kawaida na wangenisikia. Nami nikainamia mkoba wangu nikajifanya natafuta simu. Simu nilikuwa nimeishika mkononi.

"Hapana, mwalimu," nikamsikia akisema. "Nilifanya mwenyewe. Leo mkono umeingia baridi."

Kisha akaendelea bila kuulizwa. Akasema habari ya uji wa ngano. Akasema alikuwa akiutazama mlima asubuhi akienda shule. Alisema kwa sauti yangu, na kichwa amekiinamisha upande kama ninavyofanya nikiwaambia wagonjwa haitauma. Mwamuzi akatabasamu, akaandika.

Tumechaguliwa kwenda Meru.

Nikamnunulia chipsi. Alizila moja moja mpaka zikaisha, bila kuniangalia. Nimewahi kuona haya maishani, nimewahi kuanguka kanisani na sahani ya sadaka, lakini hii ni kitu kingine. Mtoto wa miaka kumi alinitazama aone kama nitasema kweli, akaona sitasema, akaamua kunifunika. Niandike nini zaidi ya hapo?

Jumatatu, Juni 23

Nikifua sketi yake nimepata mfukoni kipande cha povu cha kijani. Kimekatwa kama soksi, ama jani lililokunjwa. Nimekiweka dirishani jikoni.

Jumatano, Juni 25

Ukungu. Sijamwambia mtu.

Jumapili, Juni 29

Tumeenda kwa mama yake Muchangi, huko juu karibu na mashamba ya chai. Naye anaitwa Wambeti, kwa hiyo nikiwa kule simpigii mtoto wangu kelele kwa jina, maana itakuwa kama namkaripia mama mkwe. Sote tunamwita Cucu, yaani bibi.

Jioni kidogo nilikaa kwenye mtungi uliogeuzwa, mlangoni pa jikoni, nikimenya viazi. Ndipo Wambeti hukaa kila tukienda kule. Cucu akatoka na ndoo kwenda kukama. Goti lake la kulia halikunjiki tangu alipoteleza mwaka juzi, kwa hiyo akiketi kwenye kigoda chake hunyoosha ule mguu mbele, chini ya ng'ombe. Na hukama kwa upande wa mbali, ameegemeza kichwa ubavuni mwa ng'ombe. Kutoka pale nilipokaa Cucu hakuonekana kabisa. Nilisikia maziwa yakiingia ndoo, na nikaona ng'ombe wa kahawia, na chini ya tumbo lake gambuti moja ya kijani, kiatu chake kirefu cha mpira.

Nilihesabu miguu. Mitano.

Kisu kilinianguka. Nimekaa kwenye mlango ule miaka kumi na mbili nikimenya viazi, mguu ule umenyooshwa tangu mwaka juzi, na sijawahi kuona. Mtoto alimwona bibi yake, mtu aliyempa jina, akamwona kama alivyo hasa. Mimi nikacheka, nikambandua kwa kisu cha siagi, nikamkata vipande vinne nikamfanya majani ya chai.

Cucu akatokeza na ndoo. Huongea nami Kiembu, na mimi hujibu kwa Kimeru, tunaelewana. "Mbona unaangalia ng'ombe wangu kama mtu wa kununua?"

Nikasema ni mzuri.

"Na ile picha yangu iko wapi? Huyu mtoto aliniambia shule zikifunguliwa ananitengenezea picha yangu na ng'ombe. Nimemwachia nafasi ukutani, pale karibu na kalenda ya kanisa."

"Inakuja, Cucu," nikasema. Hata kwa huyu nimedanganya.

Jumanne, Julai 1

Nilienda mpaka lango la shule. Mwalimu Mutegi alikuwa na wageni. Nilishukuru kwamba ana wageni, nikaona haya kwa kushukuru, nikarudi kazini.

Alhamisi, Julai 10

Manyunyu na baridi ya kupasua midomo. Joyline anasema Mwenda ameweka jogoo wake nyuma ya kabati na hataki kusikia habari ya Sanaa. "Ati anasema hata ukijaribu vipi, kuna watu walizaliwa na mkono."

Nilinunua mboga ya sukuma ambayo sikuihitaji.

Jumanne, Julai 22

Kinoti amepiga tena. Wamechanga, wamekodi gari la kuwaleta ukumbini Meru. Mama ameshona nguo. Niliposhika ile simu nilitaka mvua inyeshe hapo juu mpaka barabara ikatike.

Ijumaa, Agosti 1

Leo shule zimefungwa na kulikuwa na mkutano wa wazazi. Jana nilikuwa nimeamua kumwambia Mwalimu Mutegi faraghani. Sikumpata faragha, na kabla sijajua nifanye nini, mwalimu mkuu amesimama na zawadi ya Wambeti, kikapu cha rangi na brashi, akasema, "Tungependa mzazi wa msanii wetu asalimie watu."

Nikaenda mbele. "Bwana asifiwe."

"Amen."

"Ile mozaiki niliitengeneza mimi."

Wakacheka. Walidhani ni utani wa mama mwenye furaha, na wengine wakapiga makofi. Ikabidi niseme mara ya pili, na mara ya pili ni ngumu kuliko ya kwanza kwa sababu watu wameshanyamaza. Nikasema Wambeti alikuwa na picha yake mwenyewe nami nikaibandua. Nikasema mtoto aliyefanya kazi kwa mkono wake ni Mwenda, na ndiye anayestahili kwenda Meru.

Baba mmoja, Mbae, akasema kutoka nyuma, "Sasa mama, si umetuchoma wote!" Kicheko kikapasuka tena, lakini kicheko chenye kukohoa kohoa ndani yake, na niliona akina mama wawili wanaangalia viatu vyao. Mwalimu Mutegi hakucheka. Baadaye alinifuata chini ya mti wa silva oki. "Nilijua tangu siku ile ulipoileta," akasema. "Ningekuuliza. Lakini tulitaka kushinda." Akajipangusa uso kwa kitambaa. Mwenda atapelekwa Meru, wameshapiga simu na waandaaji wamekubali nafasi ya shule iende kwake.

Joyline alikuwa amekaa mstari wa pili. Nilipopita aliniangalia bila hasira, nadhani, kwa mshangao tu.

"Na ndizi zangu ulikula?"

"Nilikula."

"Haya," akasema, akaenda kumtafuta mtoto wake.

Nilitegemea kujisikia mwepesi. Ndivyo huwa wanasema kanisani, ukitubu mzigo unaanguka. Wambeti alitembea mbele yangu njia yote, hatua ndefu, begi linampigapiga mgongoni. Darasa zima lilikuwa limemgeukia. Walikuwa wanamwita Msanii kwa sauti ya kejeli hata kabla hatujatoka langoni. Tulipofika nyumbani ndipo akafungua mdomo.

"Ungeniambia kwanza."

"Nilitaka kurekebisha, mami."

"Ungeniuliza. Ni mimi nilisema nimefanya. Ningesema mwenyewe."

Akaingia chumbani akafunga mlango. Nami nikabaki sebuleni na kikapu cha rangi walichosahau kuninyang'anya. Hata kutubu nimemfanyia. Nimemshika mkono tena, nimemkatia vipande vyangu sawasawa, nimevibandika mbele za watu, na jina juu yake ni lake.

Jumamosi, Agosti 2

Nimempigia Kinoti. Akasema gari wameshalipa, kwa hiyo wataenda kumwona huyo kijana wa slipas. Mama anauliza kama jogoo ni wa kienyeji.

Nilirudisha kikapu shuleni. Mlinzi akakikataa, nikakiacha kwenye kiti chake.

Jumanne, Agosti 5

Nimemwuliza Wambeti, mlango ukiwa umefungwa, kama naweza kuingia. Akasema hapana. Nikasema basi nitasemea hapa, nikamwambia naomba msamaha, si kwa sababu ya mwalimu wala ya Mwenda, kwa sababu ya gambuti ya Cucu.

"Uliiona?" akauliza.

"Niliiona. Nilikaa pale unapokaa."

Hakufungua. Lakini alikuja karibu na mlango, nilisikia sakafu.

Jumamosi, Agosti 16

Tuko kwa Cucu tangu juzi. Mwenda amekuwa wa tatu Meru. Kinoti anasema ukoo wetu ulipiga kelele mpaka wakaambiwa waketi. Joyline alinitumia picha ya jogoo, bila neno. Nimeihifadhi.

Asubuhi ya leo Wambeti alitoa ile kadibodi. Alikuja nayo kutoka Embu chini ya nguo zake, sikujua. Miguu minne myeusi ilikuwa ingali imeshika. Akamwaga vipande juu ya gunia pale uani, akakoroga uji wa ngano, akanitazama.

"Unataka nifanye nini?" nikauliza.

"Kaa hapo. Kalia mikono."

Nikakaa kwenye ule mtungi, nikaiweka mikono chini ya mapaja. Asubuhi yote. Mungu ndiye anayejua. Alikata tumbo kwa makasi ya Cucu ya kukatia kucha, akaacha mapengo ya kupitisha kidole. Gundi alimwaga nyingi mno mahali pasipohitaji. Kichwa kilikuwa kidogo tena. Kuna wakati kipande kiliteleza chote kikashuka, na bega langu likaruka lenyewe, naye akasema bila kuinua macho, "Mami." Nikatulia.

Mwisho akatafuta mfukoni, hakupata. Ndipo nikasema nina kitu, na je, naruhusiwa kutoa mkono mmoja? Akafikiri. Akasema mmoja. Nikampa kile kipande cha kijani kutoka kwenye leso yangu. Alikigeuza geuza, akakipaka uji, akakiweka chini ya tumbo, kimeinuka kidogo upande wa vidole, kama ilivyo hasa. Mkono wangu nikaurudisha.

Cucu akaja na ndoo yake tupu, anavuta ule mguu. Hakuuliza ng'ombe ana miguu mingapi. Alitazama mara moja tu, akaweka kidole kwenye gambuti, akacheka mpaka akashika ukuta.

"Huyu ni mimi," akasema. "Niko nyuma hapo, nakama."

Wambeti akanigeukia, uji umemkauka kwenye pua.

"Sasa unaweza kutoa mikono," akasema.